Hesabu ya Mabomu ya Pelindaba

Mkataba wa Pelindaba, uliotiwa saini mjini Cairo tarehe 11 Aprili 1996 na kushika nguvu tarehe 15 Julai 2009, Burundi ilipotimiza idadi ya mataifa 28 yaliyouridhia, unaharimisha silaha za nyuklia katika bara zima la Afrika na visiwa vyake, Pemba yetu ikiwamo. Na si wengi hapa Wete au Mkoani wenye habari kwamba jina hilo ni la mahali karibu na Pretoria, na jirani yake ndipo utawala wa Makaburu wa Afrika Kusini, kwa siri kubwa, ulipoisafisha urani ya mabomu sita.

Urani itokayo ardhini ina chini ya sehemu moja katika mia ya ile aina ya 235 ipasukayo kwa urahisi, na bomu hutaka kiasi cha tisini. Kazi yote ngumu, basi, imo katika kule kuchuja, kwani bomu lenyewe lilikuwa sahili: kipande kimoja kikirushwa kwa baruti ndani ya mtutu kikutane na chenziwe.

Majeshi ya Kuba yalipokwisha kukubali kuondoka Angola, na Namibia ikaukaribia uhuru, tishio la vita likapungua, na Rais de Klerk wa Afrika Kusini aliamuru mabomu yafumuliwe. Tarehe 10 Julai 1991 nchi ikaingia katika mkataba wa kuzuia kuenea kwa silaha hizo, na tarehe 24 Machi 1993 akalikiri jambo lote mbele ya Bunge. Hiari ilikuwapo, sikatai, lakini wako wasemao kwamba hofu ya kuwarithisha Waafrika silaha hiyo ilikuwapo pia, nami sioni hoja ya kuwakadhibisha.

Lakini nani angemsadiki mtu aliyekwisha kuficha? Mnunuzi wa karafuu ajuaye uzito wa mbichi zilizoanikwa haghilibiki kirahisi kwa uzito wa kavu. Vivyo hivyo wakaguzi wa Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki walizisoma daftari za kiwanda, wakalinganisha urani iliyoingia, iliyotoka na mabaki yake, hata wakaridhika.

Tanzania, iliyouridhia Mkataba wa Pelindaba, nayo ina urani Mkuju, wilayani Namtumbo. Vijana wa skuli zetu za Chake Chake wasomao fizikia na wajifunze hesabu hii, ili siku madini yale yatakapochimbwa, daftari zishikwe na wenyewe.