Antonio Banderas: Lafudhi ya Málaga Hollywood

Watoto wengi wanaijua sauti yake kabla ya kuijua sura yake. Ni sauti ya yule paka mdogo mwenye kofia, upanga na mabuti, aliyetokea mara ya kwanza katika filamu ya Shrek 2 mwaka 2004. Anazungumza Kiingereza chenye lafudhi nzito ya Kihispania, na ukimwondolea lafudhi hiyo, hana tena uhondo. Mwenye sauti ni Antonio Banderas.

Alizaliwa tarehe 10 Agosti 1960 Málaga, mji wa bandari kusini mwa Hispania. Baba yake alikuwa askari polisi, mama yake mwalimu. Alitamani kuwa mchezaji wa mpira, lakini akiwa na miaka 14 alivunjika mguu na ndoto ikaishia hapo. Akageukia uigizaji. Alipofika miaka 19 aliaga nyumbani akaenda Madrid na fedha kidogo mfukoni.

Jenerali Franco, aliyeitawala Hispania kwa mkono wa chuma, alikuwa amefariki mwaka 1975, na vijana wa Madrid walikuwa wakijaribu kila kilichokuwa kimekatazwa. Huko ndiko Banderas alikokutana na mwongozaji Pedro Almodóvar, aliyempa nafasi katika Laberinto de pasiones mwaka 1982. Kufikia 1990 walikuwa wametoa filamu tano pamoja. Mojawapo, Mujeres al borde de un ataque de nervios, iliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar, na Marekani wakaanza kumtazama.

Tatizo lilikuwa lugha. Alipoigiza The Mambo Kings, iliyotoka 1992, Kiingereza alikuwa hakijui. Maneno yake aliyakariri kwa sauti tu, kama mtoto wa chuo anavyohifadhi sura kabla ya kujua maana yake. Mwaka uliofuata alikuwa pamoja na Tom Hanks katika Philadelphia. Mwaka 1996 aliimba na Madonna katika Evita.

Katika Hollywood ya wakati ule, mtu mwenye lafudhi ya Kihispania mara nyingi alipewa nafasi ya jambazi au mtumishi. Ndiyo maana The Mask of Zorro ya 1998 ilikuwa na uzito wake: safari hii shujaa mwenyewe ndiye aliyezungumza hivyo. Paka wa mabuti akaja kuyafikisha hayo kwa watoto. Na katika toleo la Kihispania, ambalo Banderas aliliigizia sauti mwenyewe, alimpa paka lafudhi ya Andalusia, jimbo lake. Hispania nako lafudhi hiyo ya kusini imezoeleka kupewa wachekeshaji na watumishi. Alimtetea Mhispania mbele ya Wamarekani, kisha akamtetea mtu wa kwao mbele ya Wahispania wenzake.

Kurudi hakukuwa rahisi. Mwaka 2011, baada ya miaka 21 bila kufanya kazi na Almodóvar, walikutana tena katika La piel que habito. Banderas alifika na mbinu zote alizojifunza Hollywood, na mwongozaji wake wa zamani akamwonyesha kwamba hazihitaji. Walivutana. Banderas mwenyewe amesimulia kwamba ilimchukua muda kukubali kwamba mwenzake alikuwa na haki.

Januari 2017 alipata mshtuko wa moyo. Alipona, na Almodóvar akamwita tena, safari hii kwa Dolor y gloria ya 2019, filamu ya watu wazima kuhusu mwongozaji mzee anayesumbuliwa na maumivu ya mwili na kumbukumbu za mama yake. Hakuna upanga wala kuruka juu ya farasi. Anazungumza polepole na kuinuka kitini kwa shida, na humwachi macho. Ilimpa tuzo ya mwigizaji bora Cannes, na pia uteuzi wake wa kwanza wa Oscar, baada ya takriban miaka 30 ya kuigiza kwa Kiingereza. Uteuzi huo ulikuja kwa filamu ya lugha ya mama yake. Januari 2020 alipokea tuzo ya Goya, na sherehe mwaka ule ilifanyika Málaga.

Mji huo hakuwahi kuuacha kabisa. Kwa miaka mingi amekuwa akirudi wakati wa Juma Kuu kushiriki maandamano ya kidini mitaani, na Novemba 2019 alifungua huko ukumbi wa maonyesho, Teatro del Soho.

Mwaka 2022 paka alirudi katika Puss in Boots: The Last Wish. Safari hii amebakiwa na uhai mmoja kati ya tisa, na kwa mara ya kwanza anaogopa kufa. Watoto wakiichagua tena, ibadilisheni lugha iwe Kihispania kwa dakika chache. Hata asiyeelewa neno atamsikia paka akizungumza kama watu wa kwao.