Simu, Gari na Amana ya Majina ya Watu

Zamani aliyetaka kusikiliza darasa au kisomo cha Qur'ani safarini alichukua kanda akaitia katika redio ya gari. Baadaye zikaja sahani za CD, kisha waya mwembamba wa kuchomeka simu. Leo mtu huingia garini, akawasha injini, na kabla hajafunga mkanda sauti ya msomaji huendelea palepale ilipokatikia jana, ilhali simu yenyewe imo mfukoni. Kazi hiyo hufanywa na Bluetooth. Ni wepesi usiopingika. Lakini wengi wetu huufunga mkataba huu baina ya simu na gari bila ya kujua kilichomo ndani yake, na humo mna vitu visivyokuwa vyetu peke yetu.

Asili ya jambo hili ni Sweden, katika mji wa Lund, ambako wahandisi wa kampuni ya Ericsson walianza mwaka 1994 kutafuta njia ya kuiunganisha simu na vifaa vyake pasipo waya. Mwaka 1998 Ericsson, Nokia, Intel, IBM na Toshiba zilikutana ziweke kanuni moja, ili kifaa cha kampuni hii kifahamiane na cha kampuni ile. Jina wakalitoa kwa Harald, mfalme wa Denmark wa karne ya 10, aliyekuwa na lakabu ya Jino la Buluu na ambaye husifiwa kwa kuiunganisha nchi yake. Ile alama tuionayo kwenye kioo cha simu ni herufi mbili za kale za watu wa kaskazini, moja ya jina lake na moja ya lakabu yake, zilizofungamanishwa.

Mawimbi yake ni ya redio, katika masafa ya gigahezi 2.4, ambayo hutumiwa pia na Wi-Fi na jiko la maikrowevu. Nguvu yake ni ndogo, hufika mita 10 hivi. Ili kuikwepa zahama ya majirani hao, simu na redio ya gari huruka pamoja kutoka njia moja hadi nyingine, miongoni mwa njia 79, mara 1,600 kwa sekunde, kwa mpangilio ambao vyote viwili vinaufuata. Ndiyo maana magari kumi yaliyosongamana kwenye foleni, kila moja na simu yake, hayachanganyi sauti.

Katika simu zenye Kiswahili, kitendo cha kuvikutanisha vifaa viwili kwa mara ya kwanza huitwa kuoanisha, na aliyelichagua neno hilo alipatia. Kwani hapa kuna kutajana majina, kuna kuridhia kwa pande zote mbili, na kuna kumbukumbu inayobaki. Kila upande huhifadhi ufunguo wa siri, na kuanzia hapo haviulizani tena: vikikaribiana, vinaungana.

Namna ya kufanya si ngumu. Gari lisimame, kwani redio nyingi hukataa kazi hii likiwa mwendoni. Fungua sehemu ya Bluetooth katika redio, uiamrishe iongeze simu mpya. Kisha fungua Bluetooth katika simu, usubiri jina la gari litokee, uliguse. Katika vifaa vilivyofuata kanuni ya mwaka 2007 na baada yake, mara nyingi namba ya tarakimu sita hutokea pande zote mbili. Wengi huigusa "ndiyo" bila ya kuitazama. Yafaa itazamwe, kwani namba hizo zikilingana ndipo unapojua kuwa unazungumza na gari lako, wala si kifaa cha mtu mwingine aliye karibu. Redio za zamani huomba namba ya siri, ambayo aghalabu ni 0000 au 1234.

Kwetu Afrika Mashariki kuna tatizo jingine, nalo ni kwamba magari yetu mengi yametumika Japani kabla ya kutufikia. Menyu ya redio imeandikwa Kijapani, na mwenye gari hubonyeza kwa kubahatisha. Neno Bluetooth kwa kawaida huachwa katika herufi za Kilatini, na ile alama ya herufi mbili haibadiliki, basi hizo ndizo za kutafuta. Gari ambalo redio yake haina Bluetooth husaidiwa na kile kifaa kidogo kinachochomekwa kwenye tundu la kuwashia sigara: hupokea sauti kutoka kwenye simu kwa Bluetooth, kisha huirusha kwa FM hadi kwenye redio ya gari. Hapa wengi hukwama. Redio za Kijapani za miaka ya nyuma husikia megahezi 76 hadi 90 tu, na za karibuni zaidi hadi 95, ilhali FM ya kwetu huanzia 87.5 hadi 108. Ukikiweka kifaa kwenye 100, redio haikisikii kamwe. Tafuta nafasi tupu kati ya 87.5 na 90, isiyokuwa na kituo, na mambo yatatengenea.

Sasa tuingie kwenye mkataba wenyewe. Simu inapooana na gari, huduma zinazofunguliwa si moja. Kuna ya muziki na sauti, kuna ya kupokea na kupiga simu, na kuna ya kunakili majina. Hii ya tatu ndiyo inayopita bila ya kuonekana. Kioo cha simu huuliza kwa sentensi fupi kama unaruhusu gari lipate orodha ya majina na kumbukumbu za simu. Mwenye haraka huruhusu. Na katika dakika chache redio imebeba majina na namba za watu wote uliowahifadhi, pamoja na nani alikupigia, nani ulimpigia, na saa ngapi. Gari jingine hubeba na ujumbe mfupi pia.

Namba ya mtu ni amana. Aliyekupa alikupa wewe. Mwanamke aliyempa shekhe namba yake kwa sababu ya shauri la ndoa, mgonjwa aliyempa tabibu, mdaiwa aliyempa mwenye duka, hakuna kati yao aliyeridhia jina lake likae katika dashibodi ya gari ambalo kesho litaendeshwa na dereva wa kukodi, keshokutwa litalala gereji, na mwakani litauzwa. Mwaka 2016 Tume ya Biashara ya Serikali Kuu ya Marekani iliwaonya wanaokodi magari kuhusu jambo hilihili: simu huacha habari zake ndani ya gari, na anayekodi baada yako aweza kuzikuta. Huko ni magari ya kukodi. Kwetu gari hupita mikono ya ndugu, jirani na dalali. Na anayetaka kusikiliza kisomo tu hana haja ya kutoa orodha hiyo. Akatae ruhusa ya majina, na sauti itapita vilevile.

Liko na suala la sikio. Simu ikiingia garini, kisomo hunyamaza, na sauti ya anayepiga hutoka katika spika zote. Yeye hajui kuwa nyuma wamekaa abiria watatu. Adabu ni kumwambia katika neno la kwanza, kabla hajafungua kifua: "Niko garini na watu." Na hutokea pia mtu akawa barazani anaongea mambo ya ndani ya nyumba, kijana wake akawasha gari uani, na simu kwa uaminifu wake ikahamia huko, majirani wakasikia yaliyobaki. Katika kioo cha maongezi pana kitufe cha kurudisha sauti kwenye simu. Kijulikane mapema.

Wala mtu asidhani kuwa mikono ikiwa kwenye usukani basi akili nayo iko barabarani. David Strayer na wenzake wa Chuo Kikuu cha Utah walichapisha mwaka 2006 majaribio yaliyoonyesha kuwa dereva aongeaye kwa simu isiyoshikwa mkononi hupungukiwa na uangalifu sawa na yule aishikaye. Maongezi marefu yangoje kituo.

Siku ya kuuza gari, au ya kulirudisha kwa mwenyewe, mkataba uvunjwe pande zote mbili. Wengi huliondoa gari katika simu wakadhani wamemaliza, ilhali nakala ya majina iko upande wa pili. Ingia katika redio, fungua orodha ya simu zilizooanishwa, ambayo aghalabu hubeba tano au zaidi, ufute ya kwako. Na kama redio ina uwezo wa kurudishwa katika hali ya kiwandani, irudishe. Mnunuzi naye atazame orodha hiyo siku ya kwanza. Akikuta majina ya watu asiowajua, ayafute bila ya kuyasoma.