Mbwa wa Ukambani: Mwindaji Aliyeachishwa Kazi

Msafiri atokaye Mombasa kwenda Nairobi, akishapita Voi na Manyani, huingia nchi ya Wakamba pale Mtito Andei. Tangu hapo mpaka Kibwezi, Makindu na Emali, hakosi kumwona kando ya njia mbwa mwembamba mwenye rangi ya udongo, mbavu zahesabika, akiandamana na kundi la mbuzi. Sisi watu wa pwani humtupia jicho mara moja kisha tukageuza uso. Tumezoea kumwita mbwa koko, na kwetu si mnyama wa kupakatwa. Hata hivyo mbwa huyu ana historia yake, na ndani ya historia hiyo mna jambo lihusulo uhai wa watoto, wa bara na wa pwani pia.

ASILI YAKE

Wakamba humwita ngiti. Hana kitabu cha nasaba wala chama cha kumtetea. Wafaransa wanaye mbwa wao mdogo wa kuwindia aitwaye Petit Basset Griffon Vendéen, wa jimbo la Vendée. Miguu yake ni mifupi, manyoya yake magumu, na kimo chake begani ni sentimita 34 hadi 38. Alifugwa makusudi ili apenye vichaka vya miiba akimfuata sungura kwa harufu. Mfaransa ameandika kila kipimo chake, tangu sikio hadi mkia.

Mbwa wa Kitui na Makueni hakuandikiwa kipimo na mtu. Waliomchagua ni jua, njaa na miiba: dhaifu alikufa, hodari akazaa. Wala asidhani mtu kwamba ni masalio tu ya mbwa wa Wazungu. Uchunguzi wa damu za mbwa wa vijijini, wakiwamo wa Uganda, uliochapishwa mwaka 2009, ulionyesha kwamba wengi wao ni kizazi cha asili cha Afrika, hawakuchanganyika sana na mbwa wa kigeni.

SIKU ZA MAWINDO

Mababu wa Wakamba walisifika kwa mambo mawili, uwindaji na biashara. Katika karne ya 19 misafara yao ilileta pembe za ndovu mpaka Mombasa. Krapf, yule mmisionari aliyekaa Rabai, alipofika Kitui mwaka 1849 alipokewa na Kivoi, mfanyabiashara mkubwa wa misafara hiyo.

Ndovu aliuawa kwa upinde na mshale wa sumu, na mwindaji alimnyemelea kimya kimya. Lakini nyama ya kila siku ilikuwa ya wanyama wadogo, paa na sungura na nungu, na hapo ndipo mbwa alipopata kazi. Alinusa, akafukuza, akamzingira mnyama na kubweka mpaka mwenye upinde afike.

Kazi hiyo ilikatwa kidogo kidogo. Mwaka 1948 mbuga ya Tsavo ilitengwa kwa wanyama, na katika miaka ya 1950 wawindaji wa Kikamba na Waliangulu walisakwa na kufungwa. Mwaka 1977 Serikali ya Kenya ilipiga marufuku uwindaji wote, na sheria ya mwaka 2013 ikaongeza adhabu. Mwindaji alitundika upinde wake. Mbwa hakuwa na cha kutundika, akabaki bomani akitafutiwa kazi nyingine.

TABIA YAKE

Kazi aliyoipata ni ulinzi. Mchana hulala kivulini kama asiyejali. Usiku ndiye sikio la boma zima. Fisi akikaribia zizi, yeye ndiye wa kwanza kupiga kelele. Nyani na tumbili wakija kuiba mahindi, yeye huwatoa mbio.

Si mkali kupita kiasi. Mgeni akitokea hubweka huku akirudi nyuma, kwa kuwa tangu udogoni amezoea mawe ya watoto. Ni mwepesi wa kujifunza na humjua sana bwana wake. Ubaya ni kwamba aghalabu huachwa azurure apendavyo, akachanganyika na mbwa wa kila kijiji.

SISI NA MBWA

Msomaji Mwislamu ataka kujua pana ubaya gani hapo. Tunajua kwamba katika madhehebu yetu ya Shafii mate ya mbwa ni najisi, na chombo alichokiramba huoshwa mara saba, moja kwa udongo. Lakini dini hiyo hiyo imeruhusu mbwa wa kuwinda, wa kulinda mifugo na wa shamba. Sura ya Al-Maida yahalalisha windo lililokamatwa na mnyama aliyefundishwa. Watu wa Pangoni walikuwa na mbwa wao. Na nani kati yetu hakusimuliwa chuoni habari za yule aliyesamehewa kwa kumnywesha maji mbwa mwenye kiu? Kujitenga na najisi ni jambo moja, na kumtesa kiumbe ni jambo jingine.

MALEZI, NA HATARI ILIYOPO

Chakula chake ni mabaki ya nyumbani, ugali na muthokoi, na mfupa siku ya bahati. Mahitaji yake si mengi: maji safi, hasa wakati wa kiangazi, kuondolewa kupe, dawa ya minyoo na kivuli. Zaidi ya hayo yote ni chanjo.

Wataalamu waliochunguza mbwa wa Wilaya ya Machakos, ambayo Makueni ilikatwa kutoka kwake mwaka 1992, walichapisha matokeo yao mwaka 2001. Waliona kwamba mbwa wote wana wenyewe, ila 69 katika kila 100 hawafungwi kamwe. Tangu kuzaliwa, dume hutarajiwa kuishi miaka mitatu na nusu, na jike miaka miwili na miezi mitano hivi. Nusu ya mbwa wote hawajatimiza mwaka mmoja, na waliochanjwa, katika wale waliopita miezi mitatu, walikuwa 29 tu katika 100.

Maana ya hesabu hiyo ni hii. Ili kichaa cha mbwa kikatike yapasa mbwa 70 katika kila 100 wawe wamechanjwa. Ukichanja mwaka huu ukapumzika, mwakani wengi wa waliochanjwa wamekufa na nafasi zao zimejaa watoto wasio na kinga. Kwa hiyo kazi hii ni ya kila mwaka. Mwaka 2014 Kenya ilianza mpango wa kukomesha vifo vya watu kwa ugonjwa huo ifikapo mwaka 2030, na Kitui, Makueni na Machakos ni miongoni mwa sehemu zilizochaguliwa kuanzia.

Ugonjwa huu, dalili zikishaonekana, karibu hauna anayepona. Duniani huua watu wapatao 59,000 kila mwaka, wakiwamo watoto wengi. Lakini kabla ya dalili, kinga ipo. Ufaransa, nchi ya yule mbwa wa Vendée, ndiko Louis Pasteur alikomchanja mtoto Joseph Meister mwaka 1885, naye akaokoka.

Basi mtu akiumwa au kukwaruzwa na mbwa, aoshe jeraha kwa maji mengi na sabuni muda wa dakika 15, kisha aende hospitali siku hiyo hiyo kuanza sindano, na azimalize zote. Kuosha kwa ajili ya twahara hakutoshi hapa, wala ndimu na pilipili si dawa. Na mtoto afundishwe kwamba akiumwa aseme upesi, asifiche kwa kuogopa kugombezwa.

Mpwani aliyenunua shamba bara, au mwenye mbuzi Taita na Kwale, akifuga mbwa wa ulinzi asikae kumngoja bwana mifugo amfuate. Ampeleke mbwa wake kuchanjwa kila mwaka, na kadi aiweke. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ukuta wa ugonjwa huu hauna fundi.