Mbwa Anayeshusha Presha

Muulize mtu wa mji wa Uvira, mashariki mwa Kongo, mbwa ni wa nini, atakujibu: wa kubweka. Kuanzia Kavimvira hadi Kalundu, mbwa wa parseli hufungwa mchana, huachiliwa usiku, na hula mabaki ya bugali na vichwa vya mikeke. Kazi yake ni kumwamsha mwenye nyumba mwizi akipanda ukuta. Je, wajua kwamba huyohuyo anaweza kumpa mwenye nyumba usingizi?

Usingizi huko si kitu kidogo. Mto Mulongwe ulibomoa nyumba Aprili 2020, Ziwa Tanganyika likapanda hadi milangoni, na milio ya risasi watu wanaijua. Mtu akishtuka, mwili humwaga kotisoli, homoni inayomsaidia kupata nguvu za kukimbia. Shida huja ikikataa kushuka: presha hupanda, usingizi hupaa.

Hapo ndipo mbwa anapoingia. Mwaka 2003 watafiti wa Afrika Kusini, Odendaal na Meintjes, walichapisha vipimo vya watu 18 na mbwa 18. Baada ya mtu kumpapasa mbwa na kuzungumza naye kwa upole, presha ilishuka. Oksitosini, homoni inayotoka pia mama anaponyonyesha, ilipanda kwa mtu na kwa mbwa. Kotisoli ilipungua kwa watu tu. Mbwa, maskini, hakuambulia nafuu hiyo. Mwaka 2015 Wajapani wakaonyesha kwamba hata kutazamana kwa muda mrefu huwapandishia oksitosini wote wawili. Mbwa mwitu waliolelewa na watu hawakuwa hivyo.

Basi kinachotuliza ni mkono na macho, wala si kubweka. Mbwa wa mnyororo asiyeguswa na mtu analinda ukuta tu. Na kubweka kwenyewe tunakukuza mno: basenji, mbwa wa asili wa misitu ya Kongo, habweki kama wenzake, hata wawindaji humvisha kengele shingoni wajue alipo.

Ila kabla ya kumpapasa, achanjwe kichaa cha mbwa. Akikuuma au kukukwaruza, osha jeraha kwa maji na sabuni dakika 15, kisha nenda hospitali siku hiyohiyo ukachomwe sindano. Dalili zikishaanza, ni nadra sana mtu kupona.