Fahamu: Kitanzi cha wakati, hadithi inayojizaa yenyewe

Filamu ya The Terminator ya mwaka 1984 iliacha fumbo. John Connor, kiongozi wa wanadamu wanaopigana na mashine, anamtuma askari wake Kyle Reese arudi miaka ya nyuma kumlinda mama yake, Sarah. Kyle na Sarah wanapendana, na mtoto anayepatikana ni John huyohuyo. Bila John, Kyle hatumwi. Bila Kyle, John hazaliwi. Tafuta mwanzo, huuoni.

Hicho ndicho kitanzi cha wakati: tokeo linakizaa chanzo chake. Usikichanganye na siku inayojirudia, kama katika Groundhog Day ya 1993. Mule mhusika hubadilika, na mwishowe hutoka. Humu, jitihada za kukwepa yajayo mara nyingi ndizo zinazoyaleta.

Mmarekani Robert Heinlein alikivuta hadi ukingoni mwaka 1959, kwa hadithi fupi ambayo mhusika ni mama na baba yake mwenyewe. Katika tamthilia ya Kijerumani Dark, iliyoanza 2017, wanawake wawili ni mama na mwana, kila mmoja kwa mwenzake.

Kihesabu si upuuzi: mwaka 1949 mwanahisabati Kurt Gödel alionyesha kuwa milinganyo ya Einstein inaruhusu ulimwengu wenye njia zinazorejea wakati uliopita.

Lakini mimi hunigusa zaidi Sarah, mwishoni mwa filamu, mjamzito, akimrekodia mwanawe sauti. Anajiuliza kama amtajie baba yake. Akimjua, je, atakubali kumtuma?