Naivasha kwenye skrini: njia mpya na kitufe cha kuanza upya

Mwezi Septemba 2020, kampuni ya Nacon ya Ufaransa ilitoa gemu ya mbio za magari iitwayo WRC 9, kazi ya studio ya KT Racing ya Paris. Ndani yake ziliongezwa njia za nchi tatu ambazo toleo lililotangulia halikuwa nazo: Japani, New Zealand na Kenya. Safari Rally yenyewe ilikuwa imepangwa kurudi kwenye ubingwa wa dunia mwaka huohuo, baada ya kukaa nje tangu 2002, lakini Covid-19 ikaisogeza hadi Juni 2021. Kwa hiyo kwa miezi tisa hivi, vijana wenye pedi mkononi walikuwa wameshatimua vumbi la Kenya kwenye televisheni zao, ilhali Sébastien Ogier, bingwa wa dunia, alikuwa bado hajashindana huko hata mara moja. Swali linalofaa kuulizwa mjini Goma, ambako vijana wengi humalizia jioni zao kwenye vyumba vya PlayStation, ni hili: aliyeijua njia ile kwenye skrini alijua nini hasa? Jibu langu ni kwamba inategemea kitufe kimoja, kile cha kuanza upya. Anayekibonyeza kila anapokosea hukariri barabara moja. Anayekiacha, akamsikiliza mwelekezi wake, yule anayemsomea kona zinazokuja, na kufika mwisho na gari lililobondeka, hujifunza kuisoma barabara yoyote asiyoijua.

Naivasha, mahali rali hiyo ilipofanyika Juni ile, na Goma ni ndugu wa ardhi. Bonde la Ufa lina mikono miwili: wa mashariki unapita Naivasha chini ya mlima Longonot, wa magharibi unapita hapa kwetu penye ziwa Kivu chini ya Nyiragongo. Kule volkano imeacha udongo unaosagika kuwa vumbi laini kama unga, ambalo watu wa rali huliita fesh-fesh. Hapa imeacha jiwe jeusi lenye makali, linalokula tairi na soli za viatu. Tarehe 22 Mei 2021 Nyiragongo ulilipuka, na lava ikaikata barabara ya taifa namba 2 iendayo Rutshuru. Mwezi mmoja baadaye, tarehe 24 Juni, Safari Rally ikaanza Kenya. Motari wa pikipiki na madereva wa malori walipoanza kuvuka juu ya lava iliyopoa, hakuna aliyekuwa na kumbukumbu ya kumsaidia, maana barabara waliyoizoea ilikuwa chini ya mwamba. Ilibidi waangalie rangi ya ardhi, wapime mteremko, wamfuate aliyetangulia bila kumwamini mno. Msukuma chukudu, ile skuta ya mbao ya mizigo, anayeshuka kutoka Kibumba na mzigo wa viazi hajui chochote kuhusu gari la Toyota la rali, lakini anajua kwamba breki hukanyagwa kabla ya kona, na kwamba upande wa ndani wa kona ndiko mawe hukusanyika. Ujuzi huo ndio ambao njia mpya humdai dereva, iwe ya mawe au ya skrini.

Wiki ile ya Naivasha ilitoa ushahidi wa kutosha. Thierry Neuville wa Ubelgiji aliamka Jumapili akiongoza kwa karibu dakika nzima, pengo ambalo kwenye rali nyingi dereva hulilinda hadi mwisho bila taabu kubwa. Katika Loldia, mkondo (kipande cha njia kinachopimwa muda) wa kwanza siku hiyo, shokapu ya nyuma ya gari lake la Hyundai ikaharibika na mbio zake zikaishia hapo. Kalle Rovanperä, kijana wa Kifini aliyekuwa na miaka 20, alikuwa amekwama Ijumaa kwenye mchanga laini. Ushindi ulikwenda kwa Ogier, sekunde 21.8 mbele ya Mjapani Takamoto Katsuta, ambaye kabla ya hapo hakuwa amepanda jukwaa la washindi katika ubingwa wa dunia. Mwaka uliofuata Rovanperä akarudi akashinda, na Toyota ikachukua nafasi nne za kwanza. Sidhani kwamba katika mwaka ule mmoja kijana huyo aliongeza kasi. Kasi alikuwa nayo tangu mwanzo. Kilichoongezeka, kwa maoni yangu, ni kujua mahali pa kuinua mguu, na jambo hilo hakulipata kwa kupita mara mia kwenye mchanga uliomnasa, kwa sababu sheria za rali hazimruhusu.

Sheria hizo zinastahili kuelezwa, kwa kuwa hoja nzima imesimama juu yake. Kabla ya mashindano, dereva wa ubingwa wa dunia hupewa nafasi ya kupita kila mkondo mara mbili tu, kwa mwendo uliowekewa kikomo. Mara ya kwanza humwambia mwelekezi wake anachokiona, naye huandika. Mara ya pili husahihisha. Kila kona hupewa upande na namba, kwa kawaida kutoka moja, ambayo ni kali, hadi sita, ambayo hupitwa bila kupunguza sana. Baada ya hapo noti zile ndizo macho yake. Chukua mfano wa noti kama hii: kulia nne, mita themanini, kushoto tatu inakaza, usikate. Maneno ni machache, lakini kila moja ni amri kwa mkono au mguu. Mita themanini zinasema kwamba hakuna muda wa kuongeza gia na kuishusha tena. Inakaza maana yake kona itaanza kwa upole kisha ijifunge, hivyo anayeingia kwa mwendo wa tatu ya kawaida atatupwa nje mwishoni. Usikate maana yake ndani ya kona kuna jiwe, au mfereji uliochimbwa na magari yaliyotangulia, na kwenye fesh-fesh mfereji huo hauonekani kwa sababu vumbi limeujaza hadi juu. Anayetazama kwa macho tu ataona njia tambarare inayomwalika akate. Anayesikiliza atabaki nje kidogo, apoteze sehemu ya sekunde, na gurudumu lake libaki zima.

Gemu inayo sauti hiyo ya mwelekezi, na hapo ndipo ukweli wake mkubwa ulipo, kuliko hata kwenye uzuri wa picha. Shida ni kwamba gemu hiyohiyo inampa mchezaji ruhusa ya kuipuuza. Akigonga jiwe kwenye kilomita ya tatu, anabonyeza, anarudi mwanzo. Akirudia hivyo jioni nzima, kilomita tatu za kwanza zitakaa kichwani mwake zote, na sauti ya mwelekezi itakuwa kelele tu, kwa sababu tayari anajua kinachofuata. Mpeleke siku inayofuata kwenye mkondo mwingine wa Kenya hiyohiyo, naye ataanza sifuri. Njia iliyo bora, kwa mtu anayetaka kujifunza kweli, ni kuiga sheria ya rali: kupita mara mbili polepole ukisikiliza kila neno na kuandika mahali ambapo noti imekushangaza, kisha mara ya tatu ukimbie hadi mwisho, lolote litakalotokea. Gari likipoteza gurudumu kwenye kilomita ya tano, lifikishe mwisho hivyohivyo. Kulifikisha gari bovu ni nusu ya Safari. Shekhar Mehta, mzaliwa wa Uganda aliyeshinda rali hiyo mara tano kati ya 1973 na 1982, hakuzipata tano hizo kwa kuwa na gari lisiloharibika.

Mtu anaweza kupinga hapa kwamba kurudia ndiko kujifunza, na kwamba hata madereva wa Formula 1 hurudia njia mpya kwenye mitambo ya kuigiza hadi waijue usingizini. Ni kweli, na kwa Formula 1 wako sahihi. Njia ya Las Vegas ilipoongezwa kwenye kalenda mwaka 2023, ilikuwa na urefu wa kilomita 6.2 na mbio zake mizunguko 50. Katika hali hiyo kona moja itakujia mara hamsini ikiwa ileile, na anayeikariri hana cha kupoteza. Mwaka 1996 Jacques Villeneuve alishika nafasi ya kwanza kwenye mchujo wa Spa-Francorchamps katika msimu wake wa kwanza, na ilisimuliwa sana wakati ule kwamba njia hiyo aliizoea kwenye gemu ya kompyuta. Lakini mkondo wa Kedong pale Naivasha ulikuwa na zaidi ya kilomita 30 mwaka 2021, na dereva huupita mara chache tu, na kila anapopita umebadilika: magari ya mbele yamechimba, mvua imenyesha au haikunyesha. Kukariri huko hakumsaidii sana, maana anachokikumbuka kimekwisha kufutwa.

Pingamizi zito zaidi ni kwamba skrini haina uzito. Mwili haurushwi, shingo haichoki, hofu haipo, na bila hofu hakuna anayeweza kusema amejua barabara. Nalikubali hilo kwa sehemu kubwa. Jon Armstrong wa Ireland Kaskazini, bingwa wa dunia wa WRC kwa upande wa gemu mwaka 2018, aliyeshika nafasi ya pili katika ubingwa wa vijana wa rali ya kweli mwaka 2022, alikuwa ameshaendesha magari ya kweli kabla ya kulichukua taji lile la skrini. Jann Mardenborough wa Uingereza, aliyetoka kwenye shindano la gemu la GT Academy mwaka 2011 na kumaliza wa tatu katika kundi la LMP2 pale Le Mans mwaka 2013, alipewa mafunzo marefu ya gari halisi katikati. Hakuna aliyeruka kutoka kwenye kochi hadi jukwaani. Hata hivyo, Shirikisho la Kimataifa la Magari, FIA, lilipoanzisha mpango wa Rally Star wa kutafuta vipaji vya umri wa miaka 17 hadi 26, liliiweka gemu ya WRC kuwa mojawapo ya milango ya kuingilia. Wasimamizi wa mchezo wenyewe wameona kwamba kuna kitu kinapimika humo. Nadhani kinachopimika ni usikivu: kusikia neno, kulibeba kwa sekunde mbili, kulitenda kwa wakati wake huku neno la pili likiingia sikioni.

Wazazi wa Goma wana hofu nyingine, nayo haina ubishi: kijana anayeshinda akikimbia kwenye skrini atatoka akimbie barabarani, na barabara zetu zimeshazika motari wengi. Jawabu liko kwenye rali yenyewe. Kati ya mkondo na mkondo, magari ya mashindano hupita kwenye barabara za umma, nayo hufuata sheria za trafiki kama basi la abiria. Anayezidisha mwendo huko hutozwa faini. Kijana afundishwe hilo pamoja na mengine.

Liko pia la hali ya mji. Tangu Goma ianguke mikononi mwa waasi wa M23 mwishoni mwa Januari 2025, familia nyingi zinahesabu unga na maji kabla ya kitu kingine chochote, na kuzungumzia gemu kunaweza kuonekana kama kutowaheshimu wenye njaa. Sisemi gemu ni kazi, wala haitamrudishia mtu nyumba yake. Nasema vijana hawa tayari wameketi mbele ya skrini, wengi wao wakicheza mpira, na saa wanazozipitisha hapo zinaweza kuwaachia kitu. Gharama nayo ni kikwazo halisi: gemu mpya kama EA Sports WRC ya 2023, ambayo nayo ina Kenya, inahitaji mashine ya bei kubwa na mega ambazo kifurushi cha simu hakiwezi kuzibeba. Lakini Richard Burns Rally, gemu ya mwaka 2004 yenye jina la Mwingereza aliyeshinda Safari mwaka 1998 na 2000, inaendeshwa kwenye kompyuta za kawaida, ina shule yake ya udereva ndani, na wapenzi wake wanaendelea hadi leo kuiongezea njia mpya kwa kujitolea. Kwa kijana wa Birere au Katoyi, hiyo ndiyo ya kuanzia, na flashi moja inatosha kuipitisha kwa mtaa mzima.

Wapenzi hao hao huandika noti zao na kurekodi sauti za waelekezi kwa lugha zao. Katika gemu rasmi, kijana wa Goma humsikiliza mwelekezi wa Kifaransa au Kiingereza akimwongoza kwenye mikondo yenye majina kama Soysambu na Malewa, katika nchi ambayo Kiswahili ni lugha ya taifa na lugha rasmi. Kazi ya kurekebisha hili haihitaji studio ya Paris. Inahitaji namba moja hadi sita, kulia na kushoto, inakaza, inafunguka, usikate, jiwe, maji, daraja, shimo. Sauti tulivu isiyoyumba gari linapoyumba. Simu yenye kinasa sauti na chumba kisicho na kelele. Walimu wa kompyuta wa Goma na Bukavu, watangazaji wa redio wenye sauti nzuri, na wapenzi wa rali wa Nairobi na Kampala, ketini pamoja mwandike noti hizo za Kiswahili, mzirekodi, na mzigawe bure.