DHAHABU MBILI, KIJIWENI HAWAMJUI!

Hebu nianze na aibu yangu mwenyewe, msomaji wangu, ili ujue hapa hatufichani.

Nilipokuwa darasa la sita, siku ya michezo, nilisukumiwa kwenye mbio za mita 1,500 kwa kosa moja tu, kwamba nina miguu mirefu. Mzunguko wa kwanza nilitesa, usipime. Wa pili nikaanza kuona nyota mchana. Wa tatu wenzangu wakawa wananipita huku wanapiga stori. Nikamaliza wa mwisho, peke yangu, na uwanja mzima ukanipokea kwa wimbo: "Akhwari! Akhwari! Akhwari!"

Jina likanganda. Nikichelewa foleni ya uji, Akhwari. Nikibaki nyuma na jembe shambani, Akhwari. Wala si mimi niliyelizindua. Pale shuleni kwetu kila anayebaki mkiani alirithishwa jina hilo na aliyebaki mkiani mwaka uliopita, kama vile ni uchifu.

Kinachochekesha, au kinachouma, ni kwamba mimi ni mtoto wa Haydom, wilaya ya Mbulu, na mzee John Stephen Akhwari ni mtu wa Mbulu hiyohiyo. Kwa hiyo tulikuwa tunatukanana kwa jina la mtu wa nyumbani.

Hadithi yake unaijua hata kama umezaliwa Kariakoo na hujawahi kuvuka Chalinze. Mexico City, Oktoba 20, 1968, marathoni ya Olimpiki, mji ulioko mita 2,240 juu ya usawa wa bahari. Akhwari akaanguka njiani wakati wakimbiaji wanabanana, goti likateguka, bega likaumia. Mamo Wolde wa Ethiopia akashinda kwa saa 2, dakika 20 na sekunde 26. Zaidi ya saa nzima baadaye, giza limeshaingia, watu wengi wameshaondoka, Mtanzania akaingia uwanjani anachechemea, mguu umefungwa bandeji. Saa 3, dakika 25 na sekunde 27. Wa 57, na nyuma yake hakuna mtu. Walipomuuliza kwa nini hakuacha, akajibu kwamba nchi yake haikumtuma mbali kote kule akaanze mbio, ilimtuma akazimalize. Jibu lile limezunguka dunia mara nyingi kuliko ndege yoyote ya ATC.

Sasa juzi nilikuwa stendi ya Haydom, kijiwe cha bodaboda, nasubiri basi la Babati ambalo kama kawaida lilikuwa "linakuja tu sasa hivi". Nikaona nitumie muda vizuri. Nikawauliza vijana watano: mnamjua Akhwari? Wote! Mmoja akainuka kabisa akachechemea kuonyesha mfano, na abiria wa watu kamwacha kakaa juu ya pikipiki.

Nikauliza la pili: na Gidamis Shahanga je?

Kimya, bwana. Wakatazamana. Mmoja akasema, "Kaka, huyo si dalali wa ng'ombe wa pale mnadani?" Mwingine, kwa kuona jina linaanza na Gida, akakisia kwamba lazima ni Mbarabaig, basi nikamtafute upande wa Basotu. Huyo wa pili alikaribia, angalau kwa kabila.

Kwa taarifa yao na yako wewe, Shahanga alizaliwa Katesh, wilaya ya Hanang, Septemba 4, 1957. Kutoka hapa Haydom unakwenda huko kwa kupita Basotu, huku mlima Hanang unakutazama njia nzima. Watu wengi wa mjini Katesh wameisikia kwa mara ya kwanza Desemba 2023, tope liliposhuka kutoka mlimani na kuua watu. Lakini kuna siku Katesh ilisikika Canada, na kwa heri.

Siku yenyewe ni Agosti 11, 1978, michezo ya Jumuiya ya Madola, mji wa Edmonton. Tanzania ilikuwa imesusia Olimpiki ya Montreal mwaka 1976 kwa sababu ya New Zealand kucheza raga na makaburu, kwa hiyo Edmonton ilikuwa nafasi ya kujitokeza tena mbele za watu. Macho yote yalikuwa kwa Filbert Bayi, ambaye mwaka 1974 kule Christchurch aliweka rekodi ya dunia ya mita 1,500. Safari hii Bayi akapata fedha, nyuma ya David Moorcroft wa Uingereza. Kwenye marathoni Wacanada walikuwa na mtu wao, Jerome Drayton, aliyeshinda Boston mwaka 1977, na sasa anakimbia nyumbani kwake. Karamu ilikuwa imeshaandaliwa.

Nani alikuwa anamjua kijana wa miaka 20 kutoka Hanang? Hakuna. Akatoka nyuma, akamfuata Drayton, akampita, akafika kwa saa 2, dakika 15 na sekunde 39. Drayton wa pili. Wa tatu naye Mcanada, Paul Bannon. Mbarabaig mmoja kawafunga wenye mji wawili, nyumbani kwao!

Na hapa naomba nitoke njiani kidogo, maana hiki kitu kinanifurahisha kila nikikikumbuka. Miaka ileile, kule Basotu, serikali kupitia NAFCO ilikuwa inalima ngano kwenye mashamba makubwa kwa msaada wa Canada. Matrekta ya Canada, wataalamu wa Canada. Mashamba yale yalikuja kufika takriban ekari 100,000, na sehemu kubwa ilikuwa malisho ya Wabarabaig, ambao walisukumwa pembeni na ng'ombe wao na makaburi ya wazee wao yakabaki ndani ya ngano. Kesi zake zilifika mahakamani. Sisemi Shahanga alikimbia akiwaza ngano, sijawahi kukaa kichwani mwake. Nasema tu kwamba wakati Mcanada anafika kwenye nchi ya Wabarabaig na trekta, Mbarabaig alifika kwao kwa miguu, na aliyeondoka na dhahabu ni huyo wa miguu.

Haikuishia hapo. Mwaka 1980 Moscow, kwenye Olimpiki, akawa wa 15. Mwaka 1982 Brisbane, Australia, michezo ya Madola tena, akahamia uwanjani mita 10,000. Mzunguko wa mwisho vita vikabaki kati ya Watanzania wawili, yeye na Zakaria Barie. Shahanga dakika 28 na sekunde 10.15, Barie sekunde 10.55. Pumzi moja tu! Julian Goater wa Uingereza akaachwa na shaba. Siku chache baadaye jamaa hakuridhika, akaingia na marathoni. Yeye na Juma Ikangaa wakafyatuka kama wamefukuzwa na nyuki, dunia nzima ikiwa nyuma yao, mpaka Robert de Castella alipokuja kuwakuta mwishoni. Ikangaa akapigana naye hadi akapata fedha. Shahanga miguu ikagoma, akawa wa 6. Watu walisema alikosa akili. Mimi nasema mtu ambaye ana dhahabu mfukoni halafu anakwenda kuongoza marathoni ya Madola hana tatizo la akili, ana tatizo la kutosheka.

Akapita Chuo Kikuu cha Texas, El Paso, kulekule walikopita Barie na Suleiman Nyambui. Mwaka 1984 akashinda Rotterdam Marathon kwa saa 2, dakika 11 na sekunde 12, akaenda na Olimpiki ya Los Angeles, ambako alimaliza wa 22. Na mwaka 1990, miaka 12 baada ya Edmonton, akashinda Vienna kwa saa 2 na dakika 9. Tena akiwa na miaka zaidi ya 30!

Huyo ndiye dalali wenu wa mnadani.

Kwa nini basi jina limepotea? Nimewaza sana ndani ya lile basi, maana lilikuja na likaharibika Dongobesh. Kwanza, hakuna aliyeona. Akhwari alipigwa picha za filamu ambazo mpaka leo zinazunguka kwenye simu. Shahanga alishinda mwaka 1978, na Tanzania Bara ilikuja kupata televisheni mwaka 1994. Kilichokuwepo ni Radio Tanzania, na sauti ya mtangazaji ikishapita imepita. Alphonce Simbu, jirani yetu wa Singida, aliposhinda dhahabu ya dunia Tokyo Septemba 2025 kwa tofauti ya sehemu tatu za mia za sekunde, vijana wa kijiweni waliirudia video mpaka bando likaisha. Edmonton ingekuwa na video, nani angemwita Shahanga dalali?

Pili, mshindi ana warithi. Marathoni ya Madola ameishinda Shahanga mwaka 1978, kisha Francis Naali mwaka 2002, kisha Samson Ramadhani mwaka 2006. Kila mpya anamfunika wa zamani. Kiti cha Akhwari hakina anayekigombania.

Na usidhani ni uswahili wetu tu. Kuna dada wa Kiingereza anaitwa Gail Emms, mchezaji wa badminton, ule mchezo wa kupiga kinyoya kwa raketi juu ya wavu (hapa Haydom haujashika, kwa upepo wetu huu kinyoya kingeokotwa Singida). Mwaka 2004 kwenye Olimpiki ya Athens yeye na Nathan Robertson walichukua fedha, baada ya kupelekana na Wachina mpaka seti ya tatu. Mwaka 2006 wakawa mabingwa wa dunia. Mwaka 2008 akastaafu. Mwaka 2017 akajitokeza hadharani kueleza jinsi maisha yalivyomgonga, pesa ngumu, kazi hapati, na anajiona hana thamani tena. Huyo ni wa Uingereza, nchi yenye pesa za bahati nasibu za kulipia wachezaji! Nilipoisoma habari yake ndipo nikaacha kuwalaumu sana vijana wa kijiweni.

Lakini kilichonifanya nikamate kalamu ni kingine. Wakati napekua muda wa Shahanga, nikapekua na wa Akhwari, wa mbio zake nyingine. Maana sisi tulifundishwa mbio moja tu, kana kwamba mzee aliamka siku moja, akapanda ndege, akaanguka, akarudi kulima.

Kumbe mwaka 1970, miaka miwili baada ya lile goti, alikimbia marathoni ya Madola kule Edinburgh. Ron Hill wa Uingereza alishinda. Akhwari akawa wa 5. Muda wake: saa 2, dakika 15 na sekunde 5.

Rudi juu kidogo, angalia dhahabu ya Shahanga ya Edmonton. Saa 2, dakika 15 na sekunde 39.

Umeona? Yule tuliyekuwa tunawaita kwa jina lake watoto wa mkiani alikimbia marathoni kwa muda mfupi zaidi kuliko ule uliompa mwenzake dhahabu, tena miaka minane kabla. Najua, barabara ni tofauti, hali ya hewa ni tofauti, na mbio za ubingwa watu hukimbia kwa hesabu. Hata hivyo nusu dakika ni nusu dakika. Dunia imemkumbuka Akhwari kwa siku ambayo hakuweza kukimbia, na siku alizokimbia kweli hakuna aliyezitunza.

Niliporudi kutoka Babati nikapita tena kijiweni, nimeandika namba zote kwenye kikaratasi. Yule aliyechechemea akakichukua, akakisoma mara mbili, midomo inacheza.

"Kwa hiyo kaka, huyu wa mwisho angempita huyu wa kwanza?"

Nikamwambia, si rahisi hivyo, barabara tofauti.

"Barabara achana nazo. Angempita au asingempita?"

Kabla sijajibu, mama mmoja akatoka upande wa hospitali ana mizigo, bodaboda wote wakawasha. Mmoja pikipiki yake ikagoma, kick ya kwanza, ya pili, ya tatu, wenzake wameshaondoka. Jamaa mwenye kikaratasi akageuka akampigia kelele: "We Akhwari, unabaki!"

Yule akafuta jasho, akapiga kick ya nne, ikawaka.

"Asante," akajibu, akaondoka.